Tuisheni ya Jumamosi iliyomfungulia binti yangu mafumbo ya hesabu

Binti yangu yuko darasa la saba. Magazijuto (mabano kwanza, kisha kugawanya, kuzidisha, kujumlisha na kutoa) hayamsumbui, sehemu na desimali anakwenda nazo vizuri. Kilichokuwa kinamwangusha tangu la tano ni mafumbo, hasa yale yenye vitu viwili usivyovijua kwa mpigo.

Tuisheni ya kwanza niliyompeleka ilimkaririsha maneno: ukiona "jumla" jumlisha, ukiona "zaidi" jumlisha. Basi akaletewa swali kwamba Asha na Juma wana jumla ya sh. 9,000, na Asha ana sh. 1,600 zaidi ya Juma, kila mmoja ana ngapi? Akaandika 10,600. Pesa ya mmoja ikazidi ya wote wawili, wala hakushtuka! Nikamtoa.

Huyu wa sasa ni mwalimu mstaafu, anafundishia barazani kwake huku mtaani kwetu Mbagala, Jumamosi saa tatu hadi saa sita, sh. 1,000 kwa kila kipindi. Siku ya kwanza nilikaa nikasikiliza. Swali la Asha na Juma alilirudia kwa vijiti viwili, kimoja kirefu. "Hicho kilichozidi tukiweke pembeni kwanza, mwanangu. Vimebaki sawa au havijabaki sawa?" Vikawa sawa. Ikabaki 7,400, nusu yake 3,700 ndiyo ya Juma, ya Asha 5,300. Binti akajumlisha mwenyewe kuhakiki, ikarudi 9,000.

Kisha kuku na mbuzi: vichwa 20, miguu 56. Hapa ndipo nilipompenda huyu mzee. Hakugusa chaki. Aliwaambia wachore duara 20, kila duara miguu miwili, kana kwamba zizi zima ni kuku. Imetumika 40. Iliyobaki 16 wagawe miwiliwili mpaka iishe. Duara nane zikapata miguu minne: mbuzi 8, kuku 12. Baada ya hapo ndipo akauliza, "Kwa nini tumegawa 16 kwa mbili, si kwa nne?" Alingoja. Alingoja sana, mpaka mtoto wa nyuma akasema kila mbuzi alishachorewa miwili.

Wiki ya tatu nikampima mwenyewe. Mimi nauza chapati sh. 500 na maandazi sh. 200. Siku hiyo beseni lilitoka na vipande 30, lote likaisha, mkononi nina 10,200, na sikuwa nimehesabu zilikuwa chapati ngapi. Nikamuuliza. Akasema, "Mama, tuseme yote ni maandazi." Hiyo ni 6,000. Pesa niliyonayo imezidi hapo kwa 4,200. Kila chapati inazidi andazi kwa 300. Chapati 14, maandazi 16. Nikapiga hesabu ya kurudi: 7,000 na 3,200. Sawasawa. Nilimkumbatia palepale jikoni.

Kasoro zipo. Watoto wameongezeka, mabenchi hayatoshi, wengine wanaandikia magotini. Anakwenda polepole, maswali manne au matano kwa asubuhi nzima, kwa hiyo mwenye mtihani wiki ijayo hatamfaa. Na kubwa kwangu: herufi anazichelewesha mno. Mwakani binti akiingia kidato cha kwanza, hisabati itakuwa kwa Kiingereza, na hao kuku na mbuzi watakuja kama x na y. Nilimwambia, "Shikamoo mwalimu, naomba uwaonjeshe mapema." Akanijibu kwamba mtoto aliyeelewa vijiti, herufi haimpi tabu. Huenda ni kweli, lakini bado ningependa aanze mwezi huu, na nitamwomba tena.

Mwenye mtoto wa la tano hadi la saba anayekimbia mafumbo, mlete. Daftari la mraba, penseli mbili na kifutio. Kalamu ya wino hairuhusiwi. Aje mapema, benchi la mbele hujaa kabla ya saa tatu.