Kwa Walebanoni wa Mwanga, Kigoma: agiza samaki, shawarma isubiri Ijumaa

Kinachonirudisha pale ni wali wa samaki wanaouita sayadieh. Nauanza huo kwa sababu watu wengi wa hapa mjini, wakisikia kuna mgahawa wa familia ya Kilebanoni na Kisyria Mwanga, wanakimbilia shawarma, ile nyama inayozungushwa mbele ya moto na kukatwa vipande, wanakula, wanasema "ya kawaida tu", na ndiyo imetoka hiyo, hawarudi tena. Kuhusu shawarma hawajakosea, nitaifikia. Ila wameondoka bila kula chakula chenyewe.

Sayadieh ni chakula cha wavuvi wa pwani ya Lebanon na Syria. Vitunguu vinakaangwa taratibu mpaka vinakuwa kahawia nzito, hatua moja kabla ya kuungua, kisha vinachemshwa pamoja na vichwa na mifupa ya samaki na binzari nyembamba kidogo. Supu ikishachujwa ndiyo inayopikiwa wali. Kwa hiyo wali unatoka na rangi ya hudhurungi ambayo ukiutazama tu utasema ni pilau, lakini ukiutia mdomoni hakuna karafuu wala mdalasini wa kukupiga puani. Ladha ya samaki iko ndani ya punje. Samaki mwenyewe anakaangwa peke yake na kulazwa juu, halafu vinanyunyizwa vitunguu vingine vilivyokaangwa vikakauka. Kwao humalizia na mbegu za msonobari. Hapa wanaweka korosho, na sijaona kilichopungua. Pembeni kuna bakuli la mchuzi wa ufuta uliosagwa, ndimu na kitunguu saumu. Umwage wote.

Mzee mwenye mgahawa anatoka Tripoli, mji wa bandari wa kaskazini mwa Lebanon. Alifika Kigoma kwa biashara ya vipuri vya injini za boti, na Kiswahili chake amekiokota kwa mafundi wa boti wa mwalo wa Kibirizi, kwa hiyo jiandae kwa maneno. Kwake samaki wa wali huu ni kuhe, yule ndugu mkubwa wa sato anayepatikana Tanganyika peke yake, kwa kuwa nyama yake ni nene na haimeguki ovyo. Vichwa vya supu anapenda vya sangala. Mgebuka anampika ukimwomba, ila atakuambia, "Mgebuka kula na ugali kwako, mimi usiniharibie wali." Nakubaliana naye.

Jambo jingine la kujua ni mwezi. Siku za mbalamwezi wavuvi wa taa hawatoki, soko linakuwa jepesi na bei ya kila samaki inapanda, hata wale ambao hawavuliwi kwa taa. Siku hizo sahani yake inapungua ukubwa, bei inabaki Sh15,000. Mwaka 2024, ziwa lilipofungwa kwa uvuvi kuanzia katikati ya Mei hadi katikati ya Agosti, waliiondoa kabisa sayadieh badala ya kutuuzia samaki wa kutoka mbali aliyelala kwenye barafu. Wakapika mujaddara: wali na adesi, juu yake vitunguu vilevile vya kahawia. Sahani isiyo na nyama wala samaki, Sh6,000, na kuna wateja mpaka leo wanaiulizia.

Mke wake ni Msyria wa Aleppo, na vile vibakuli vya kuanzia ni kazi ya mkono wake. Hapa inabidi niseme kitu kwa wale ambao chakula cha Kiarabu kwao ni Ujiji: pilau, biriani, sambusa, mapishi ya watu wa Oman na Zanzibar waliokuja na misafara ya karne ya 19. Usiende Mwanga ukitafuta hayo. Upande wa Sham, yaani Syria, Lebanon na jirani zao, viungo ni vichache, kinachoongoza ni ndimu, kitunguu saumu, ufuta na mafuta ya zeituni, na vitu vingi vinaliwa vya baridi au vuguvugu. Rafiki yangu mmoja aliletewa hummus, ule uji mzito wa dengu na ufuta wa kuchovya mkate, akauliza mboga yenyewe inakuja lini.

Hummus yao ni nyeusi kidogo kuliko ile ya kwenye picha, kwa sababu wanatumia dengu ndogo za kwetu, zile zinazolimwa Igunga na Nzega, badala ya dengu kubwa nyeupe za makopo. Mama anaziloweka usiku kucha na kuzisugua ganda kabla ya kuzisaga. Nimewahi kula hummus ya kopo kwenye hoteli moja kubwa ya Dar es Salaam na sioni sababu ya kuitamani tena. Labneh ni maziwa mgando yaliyotiwa chumvi na kuning'inizwa kwenye kitambaa mpaka maji yote yatoke. Unapata kitu kizito cha kupaka kwenye mkate. Mkate wenyewe mwembamba anaupika binti yao mbele yako, juu ya chuma kilichobinuka kama karai lililogeuzwa, chini mkaa. Tabbouleh ni kachumbari ya majani ya pasli hasa, ngano iliyopondwa ni ya kuhesabu, na pasli wanaiotesha wenyewe uani.

Sikuipenda muhammara. Kwao Aleppo inatengenezwa kwa pilipili nyekundu zilizochomwa, jozi, na asali nzito ya komamanga. Hapa jozi zimekuwa karanga, komamanga limekuwa ukwaju uliochemshwa na sukari. Mama anasema wazi kabisa kabla hujaagiza, na namheshimu kwa hilo. Lakini karanga zinatawala, na baada ya tonge la pili niliona nakula mchicha wa karanga usio na mchicha.

Falafel, vidonge vya dengu mbichi zilizosagwa na majani na kukaangwa, ni ubishi wa nyumba ile. Walebanoni wengi huchanganya dengu na baghala kavu, yale maharage mapana, Wasyria hupenda dengu tupu, na mzee na mkewe wamebishana mbele yangu huku mafuta yanachemka. Baghala Kigoma haipatikani kirahisi, basi mama kashinda. Ziko vizuri, kijani ndani, za moto.

Sasa shawarma. Nyama ile inataka msururu wa watu: unakata tabaka la nje lililoiva, la ndani linaanza kuiva, unakata tena. Mjini kwetu Jumanne usiku wanakuja wateja wachache, nyama inazunguka tu mbele ya moto mpaka inakauka kingo. Ukichanganya na siku umeme unapokatika, unapewa vipande vilivyopashwa kwenye kikaango. Ijumaa na Jumamosi jioni ni kitu kingine kabisa, kuku ana majimaji na ile krimu nyeupe ya kitunguu saumu inakufuata mpaka asubuhi. Siku nyingine zote kaa mbali nayo. Nadhani wangeiuza mwisho wa wiki tu, lakini mzee anasema watu wakikosa shawarma kwenye menyu hawaamini kwamba yeye ni Mlebanoni.

Baklava, kitindamlo cha tabaka za unga mwembamba na karanga kilichotiwa shira, ni tamu kupita kiasi. Kahawa, kunywa: ni ya Kalinzi, wanaikaanga wenyewe na kuisaga laini na iliki. Sielewi kwa nini sisi wenye kahawa yetu mkoani tunapokea wageni kwa ile ya unga wa kopo.

Huduma ni ya polepole, na binti anayehudumia hatakuja kukusumbua, kwa hiyo mwite. Viti vya plastiki, meza sita hivi, choo kisafi. Pombe hakuna. Mchana wa Ijumaa wanafunga kwa ajili ya sala na kufungua kama saa nane. Malipo ni taslimu au kwa simu. Watu wa mezani wakati mwingine wanataka kumhoji mama kuhusu vita vya Syria. Anajibu kwa upole na kurudi jikoni. Mkoa wenye kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu tangu 1996 ulipaswa kujua kumwacha mtu apike.

Mkiwa watu wanne au zaidi, pigeni simu asubuhi kabla ya saa nne, mzee awaambie samaki gani amepatikana na awawekee mzima. Mkifika saa saba bila taarifa mtaambiwa sayadieh imeisha, na mtapewa shawarma.