Uzoefu wangu na emoti za Free Fire: salamu ya bure imenifaa kuliko dansi ya kununua

Nina miaka mitatu kwenye Free Fire, gemu la simu la kupigana kwa bunduki, na karibu yote nimeichezea hapa Mwanga, Kigoma, ninapotengeneza simu mchana. Wanaolieleza gemu hili husifia bunduki, mavazi na wahusika. Mimi nataka kuzungumzia emoti, yaani zile ishara na dansi anazofanya mhusika wako ukibonyeza kitufe kidogo pembeni ya skrini. Bila hizo ningeshaliacha gemu zamani.

Kwa asiyelijua: kampuni ya Garena walilitoa mwaka 2017. Watu 50 wanashuka kisiwani na miavuli, wanaokota silaha na kupigana mpaka abaki mmoja au kikosi kimoja, na mechi haizidi sana dakika kumi. Mkishinda, neno Booyah linatokea kubwa. Simu ya bei ya kawaida inalifungua, ndiyo maana huku kwetu limeenea.

Kikosi changu ni mimi na shemeji, mume wa dada yangu, anayevua dagaa mwalo wa Kibirizi. Yeye alijifunza mwaka 2024, Ziwa Tanganyika lilipofungwa kuvua kuanzia tarehe 15 Mei hadi 15 Agosti. Miezi mitatu mtumbwi uko nchi kavu, nyavu zimeshonwa zikaisha, na mtu aliyezoea kukesha majini usingizi haumjii. Nikampakulia gemu. Ziwa lilipofunguliwa akarudi kazini, na tangu hapo tunacheza pamoja siku za mbalamwezi tu. Dagaa hufuata mwanga wa taa, na mwezi ukiwa mpevu taa hazifui dafu, hivyo mitumbwi inapumzika siku kadhaa. Hizo ndizo siku zetu.

Sasa kuna jambo moja. Shemeji anaingia gemuni saa nne usiku. Nyumba ni ya vyumba viwili, watoto wamelala, dada amelala. Hawezi kupayuka kwenye maiki. Isitoshe sauti inakula bando, na mtandao ukilegea sauti ndiyo ya kwanza kukatika: unasikia "shem, nyuma ya..." halafu kimya, na hujui nyuma ya nini. Ujumbe mfupi wa kubonyeza upo, lakini unapita haraka, na macho yako muda huo yanatafuta adui.

Hapo ndipo emoti zilipogeuka lugha kwetu. Hatukukaa kupanga, zilikuja zenyewe. Ile ya kupunga mkono, ambayo unapewa bure, maana yake "nimefika, uko salama?" Kupiga makofi ni asante ya medikiti, yaani kisanduku cha dawa cha kurudisha uhai. Akipiga pushapu mbele yangu najua risasi zimemwishia, nimwachie chini kiasi. Kuna moja ya kukaa na kunywa chai. Shemeji akiifanya, maana yake mtoto ameamka na anakwenda kumbembeleza, nimlinde hapo alipo. Nimeshamlinda shemeji akinywa chai ndani ya kibanda cha mbao kule Bermuda, kisiwa kimojawapo cha gemu, kwa dakika mbili nzima, nimeziba mlango kwa ukuta wa gluu, ile ngao unayoirusha ikasimama papo hapo, risasi zinalia nje. Aliporudi alinipungia mkono, tukaendelea. Mechi ile hatukushinda lakini naikumbuka kuliko nyingi tulizoshinda.

Huduma ya kununua nayo niieleze, maana wengi huniuliza kibandani. Emoti zinalipiwa kwa daimondi, na daimondi zinanunuliwa kwa pesa halisi. Nilipokuwa nanunua mimi, nyingi dukani zilikuwa kati ya daimondi 199 na 599, kutegemea urembo wake. Ya kwanza yangu ilikuwa ya 399, dansi ya mikono na mabega, na ilinigharimu karibu shilingi elfu kumi. Nilipitia kwa mtu mmoja anayeuza daimondi mtandaoni. Nilimtumia pesa Ijumaa jioni, akaniomba nenosiri la akaunti ili "aniwekee haraka". Sikumpa. Akakaa kimya siku mbili, daimondi zikaja Jumapili usiku baada ya kumpigia mara nane. Siku zile mbili niliumia, maana elfu kumi kwangu ni vioo viwili vya simu nimebandika. Nasema kwa uchungu wa kweli: anayekuwekea daimondi anahitaji namba ya mchezaji peke yake. Akikuomba nenosiri, kata mazungumzo. Na kabla hujalipa, ifungue emoti dukani uitazame yote, maana mhusika anakuonyesha mwanzo mpaka mwisho bila malipo. Nyingine jina lake tamu, dansi yenyewe sekunde tatu. Zile zinazotolewa kwa gurudumu la bahati sizigusi kabisa. Napenda kujua ninachonunua kabla pesa haijatoka.

Je, ilistahili? Wiki ya kwanza niliona ndiyo. Nilidansi lobi, pale tunaposubiri mechi, nikadansi kabla ya ndege kuondoka, nikadansi juu ya kila paa. Wiki ya tatu nikagundua naitumia mara moja kwa siku, wakati ile ya kupunga mkono naitumia mara thelathini. Bado naipenda dansi yangu. Ila ukiniuliza ipi imenifaa, nitakuonyesha ya bure.

Ya pili kununua ndiyo ninayoijutia. Ni ile ya kucheka huku mhusika akimnyooshea mtu kidole. Vijana wanaipenda mno: ukimwangusha adui, unasimama juu yake na kumcheka, naye anatazama kwenye skrini yake. Usiku mmoja tulikuwa kwenye Clash Squad, wanne kwa wanne, nikamwangusha jamaa mmoja raundi tatu mfululizo, na kila mara nikamcheka. Jina lake gemuni sikulijua. Kesho yake asubuhi akaja kibandani kijana wa Katubuka, mteja wangu wa siku nyingi, ananiachiaga simu hata bila risiti. Hakunisalimia kama kawaida. Akasema, "Kaka, jana ulinicheka sana." Alikuwa analijua jina langu la gemuni kwa sababu nimelibandika mwenyewe ukutani. Aliongeza kwamba wadogo zake walikuwa wamemzunguka wakitazama.

Sikuwa na la kujibu. Nilimwomba radhi, akasema yameisha, lakini nilijua kwamba ningemwona pale mtaani kaanguka na baiskeli nisingesimama juu yake nikamnyooshea kidole. Sheria ya gemu hainikatazi, na wapo watakaosema ni mchezo tu. Kwangu si mchezo tu. Aliye upande wa pili ni mtu, na Kigoma si kubwa. Jioni ile niliitoa kwenye duara la emoti na haijarudi.

Mama yangu, tunayekaa naye, aliwahi kuniuliza usiku nacheza nini muda wote huo. Nikamgeuzia simu, mhusika wangu alikuwa anadansi lobi. Akatazama, akasema, "Kumbe unacheza kweli." Kiswahili chetu kimeviweka vyote katika neno moja: mpira unachezwa, ngoma inachezwa, gemu linachezwa. Ndiyo maana sishangai dansi za gemu kuvuka mpaka uwanjani. Fainali ya Kombe la Dunia 2018, Griezmann alipofunga penalti dhidi ya Croatia alishangilia kwa dansi ya Fortnite, gemu jingine la kupigana, vidole kwenye paji la uso, na wengi waliodhani amebuni mwenyewe waliambiwa na watoto wao imetoka wapi.

Na dansi ina mwenyewe. Mwaka huohuo wa 2018 mwanamuziki 2 Milly wa Marekani aliwashtaki wenye Fortnite akidai mtindo wake umeuzwa mle bila ruhusa yake. Kesi iliondolewa mwaka 2019, baada ya Mahakama ya Juu ya Marekani kuamua katika shauri jingine kwamba haki ya kazi isajiliwe kwanza ndipo mtu ashtaki. Huwa nalifikiria hilo kwa ajili yetu. Hapo jirani Burundi, ngoma zao za kifalme zilitambuliwa na UNESCO mwaka 2014. Ule mruko wa mpigaji, magoti yakipanda mpaka kifuani, ukiwekwa gemuni siku moja na wenyewe wakalipwa haki yao, nitatoa daimondi 599 bila kusita.

Mambo mawili ya matumizi. Ukianza emoti mikono ya mhusika haina bunduki, na ukigusa tu kitufe cha kutembea emoti inakatika. Kwa hiyo ukidansi mahali pa wazi umejitoa, lakini pia unaweza kujiokoa papo hapo kwa kusogea. Pili, nenda kwenye mpangilio wa vitufe ukihamishe kitufe cha emoti mbali na cha kufyatulia. Mimi nilikiacha karibu, nikajikuta napiga makofi mbele ya mtu mwenye shotigani.

Pingi, yaani muda wa simu kujibizana na gemu, ikipanda, emoti yako wenzako wanaiona imechelewa. Mtandao ninaotumia mimi husumbua hasa mvua ikinyesha, na siku hizo namwambia shemeji mapema kwa meseji kwamba nikichelewa kujibu salamu asidhani nimemkasirikia.

Dada naye ameanza kucheza tangu mwezi uliopita, kwa simu ya shemeji, akiwa yeye yuko ziwani. Nimemtengenezea akaunti yake. Juzi shemeji akapita kibandani na ndoo ya dagaa, akasubiri wateja waondoke, akaniuliza kwa sauti ya chini ile emoti ya kupiga goti na kutoa maua ni daimondi ngapi. Nikamwambia tusubiri irudi dukani. Akasema sawa, giza hili akivua vizuri pesa ataniachia mimi niitunze, na nisimwambie dada yangu.