Testa naisifu, fyuzi zake nimezitoa garini: kiboksi cha fyuzi nilichonunua Mwembe Tayari

Kiboksi chenyewe ni cha plastiki ngumu na kinaenea vizuri kwenye droo ya mbele ya gari. Ndani mna fyuzi bapa za ukubwa wa kawaida na za mini, yaani ndogo, kuanzia ampea 5 hadi 30, kibano kidogo cha kung'olea, na testa ya kupimia kama umeme upo, ya mfano wa kalamu: ncha kali upande mmoja, waya wenye klipu upande wa pili, na kitaa cha LED katikati. Nilikinunua kwenye duka la spea Mwembe Tayari, hapa Mombasa, kwa bei isiyofika shilingi elfu moja. Nimekitumia kwa gari langu na kwa magari ya jamaa, kwa hiyo ninayoyasema hapa nimeyaona kwa macho yangu. Jina lililoandikwa juu yake silitaji, maana viboksi hivi vimejaa madukani kwa majina chungu nzima na vilivyomo ndani havina tofauti.

Nianze na testa, kwa sababu ndiyo iliyolipa pesa yangu.

Gari langu ni SUV ya Kijapani iliyoletwa ikiwa imetumika, kama yalivyo mengi yanayoshushwa bandari ya Kilindini. Kenya hairuhusu kuingiza gari lililotumika lenye zaidi ya miaka 8, kwa hiyo hata haya tunayoyaita ya mtumba ni magari ya kisasa, yenye kompyuta kila pembe na fyuzi za kutosha kumchanganya mtu. Tena kitabu chake kimekuja kwa Kijapani mwanzo hadi mwisho. Ukitafuta mchoro wa fyuzi humo, utapata kurasa nzuri usizoweza kusoma neno.

Kilichonitoa ndani ni soketi ya volti 12 iliyo chini ya redio. Mpwa wangu alikaa kiti cha mbele, sarafu ya shilingi tano ikamponyoka, ikaviringika hadi ndani ya soketi. Ikagusa kichwa cha katikati na ukuta wa pembeni kwa pamoja, shoti ikapiga, soketi ikafa. Fyuzi ilikuwa imefanya kazi yake sawasawa, imekatika ili umeme usipite; lililobaki lilikuwa kuijua ni ipi.

Magari mengi ya siku hizi yana maboksi ya fyuzi mawili au zaidi. La kwanza liko chini ya boneti, karibu na betri, jeusi, lenye kifuniko cha vibanio. La pili liko ndani, chini ya dashibodi. Langu liko upande wa dereva, juu kidogo ya pale goti la kulia linapokaa, nyuma ya kipande cha plastiki kinachovutwa kwa vidole. Kuna magari ambayo lao liko nyuma ya droo ya abiria, na mengine yana jingine kwenye buti. Kwa kawaida vitu vya injini, taa kubwa, feni na honi viko kwenye lile la boneti, na vitu vya ndani, yaani soketi, redio, vioo na taa za ndani, viko kwenye lile la dashibodi. Geuza kifuniko utazame upande wake wa ndani. Langu la boneti lina ramani hapo, na maandishi yake ni vifupisho vya herufi za Kilatini hata kwa gari la Japani: HORN, STOP, DOME, ECU-IG. La ndani halikuwa na ramani, kwa hiyo nilielekeza kamera ya simu kwenye ukurasa wa kitabu, programu ya kutafsiri ikanisomea. Tafsiri ilikuwa mbovu lakini namba za nafasi zilitosha. Soketi iliandikwa P/OUTLET, ampea 15.

Sasa testa. Kwanza hakikisha testa yenyewe ni nzima: klipu kwenye boliti tupu ya bodi, isiyo na rangi wala kutu, na ncha kwenye chanya ya betri. Ikiwaka, endelea. Washa swichi ya gari, kwa sababu fyuzi nyingi hazina umeme gari likiwa limezimwa. Ukitazama mgongo wa fyuzi bapa utaona vitundu viwili vidogo vyenye chuma ndani. Vimewekwa kwa ajili hiyo, upime bila kuing'oa. Gusa kimoja, kisha kingine. Ikiwaka pande zote mbili, fyuzi ni nzima. Ikiwaka upande mmoja tu, imekatika. Isipowaka popote, usiilaumu fyuzi, umeme haujafika hapo. Kwangu P/OUTLET iliwaka upande mmoja. Nilipita boksi zima kwa muda mfupi kuliko wa kuchemsha chai, bila kung'oa hata moja isiyohusika, na hilo ni jambo kubwa: kwenye gari la kisasa kila fyuzi unayoing'oa ovyo inaweza kufuta saa, mipangilio ya vioo, au kuwasha taa ya onyo kwenye dashibodi.

Napenda pia kwamba ni ya LED. Testa za zamani zenye balbu hunyonya umeme zaidi, na mafundi waangalifu hawazisogezi karibu na nyaya za kompyuta wala za eabegi. Ina upungufu wake, na hapa pwani lazima usemwe. LED huwaka kwa umeme kidogo sana. Miguu ya fyuzi ikiwa imeshika kutu ya kijani, kitaa kitawaka kikuambie mambo shwari, ilhali mguso huo hauwezi kubeba ampea kumi za kweli. Sisi tunaolaza magari Nyali, Bamburi na Likoni, ambako hewa ya bahari inaacha chumvi hata kwenye vitasa vya milango, tunaijua kutu hiyo. Gari la shemeji yangu lilikuwa na honi inayolia na kunyamaza ipendavyo; testa iliwaka pande zote mbili, lakini tulipoing'oa fyuzi ya honi mguu mmoja ulikuwa na unga wa kijani. Tukasafisha nafasi yake kwa dawa ya kupuliza ya kusafishia miguso ya umeme, waya wa betri ukiwa umefunguliwa, tukatia fyuzi mpya, honi ikatulia. Kwa hiyo testa iamini, kisha tumia na macho.

Kibano nacho kizuri. Chembamba, kinashika mini bila kuteleza. Zima gari, bana, vuta wima bila kuzungusha, tazama kile kiuzi cha chuma cha ndani dhidi ya mwanga. Ya soketi ilikuwa imeungua katikati kabisa. Sarafu niliitoa baada ya fyuzi kutoka, soketi ikiwa haina umeme, kwa kibano cha plastiki. Kisha ndipo ikatiwa mpya ya ampea 15, ya bluu. Rangi za fyuzi bapa ni zilezile karibu kila gari: 10 nyekundu, 15 bluu, 20 njano, 25 haina rangi, 30 kijani. Usisome rangi peke yake, soma na namba, kwa sababu plastiki hupauka.

Hiyo mpya haikutoka kwenye kiboksi. Ilitoka kwa fundi wangu wa umeme wa magari kule Kisauni, mzee ambaye nilimpitia kumwonyesha nilichonunua. Alichukua fyuzi moja ya kiboksi, akaiinua juani, akaigeuza, akasema, "Dada, hii siitii kwenye gari ya mtu kabla ya kuijaribu." Akanieleza jinsi ya kujaribu, tukajaribu palepale mezani.

Fyuzi bapa nzuri hutengenezwa kwa vipimo vinavyojulikana. Ikipitishiwa asilimia 110 ya kiwango chake, ishike saa 100 bila kukatika. Ikipitishiwa mara mbili ya kiwango chake, iwe imekatika ndani ya sekunde 5. Basi mzee alichukua balbu mbili za taa kubwa za wati 60, akaziunga sambamba kwenye betri ya volti 12. Balbu moja ya wati 60 huvuta takriban ampea 5, mbili huvuta 10. Njiani akaweka fyuzi ya 5, na nyuma yake akaweka nyingine ya 15 anayoiamini, kwa usalama wetu. Fyuzi ya 5 ya kwenye boksi lake mwenyewe, ya kampuni inayojulikana, ilikatika balbu hazijawaka sawasawa. Tukatia ya kiboksi changu. Balbu ziliwaka, zikaendelea kuwaka. Tulisubiri. Plastiki ya fyuzi ikaanza kulainika, harufu ikatoka, na kile kiuzi bado kimeshika. Mzee akaondoa waya mwenyewe. Tulirudia kwa nyingine kutoka mfuko uleule, mambo yakawa yaleyale.

Hilo ndilo lililonifanya niandike. Fyuzi imeandikwa ampea 5, ikapitisha 10 mpaka plastiki ikayeyuka. Mzee alilisema vizuri kuliko nitakavyoweza: "Fyuzi hailindi redio, dada. Yalinda waya. Waya ukiungua ndani ya dashibodi, gari lote lateketea." Waya wa soketi umechaguliwa unene wa kubeba ampea 15 bila kupata moto. Ukiweka kitu kisichokatika kwa 15, shoti ikitokea waya ndio unaogeuka fyuzi, na umelala juu ya zulia na sponji. Kwa sababu hiyohiyo haifai kuweka 30 mahali pa 15 ati kwa kuwa ya 15 inakatika kila mara. Inayokatika kila mara inakuonyesha shoti ilipo. Ukitia mpya ya kiwango sahihi ikakatika tena papo hapo, acha, mwite fundi wa waya. Na wale wanaozungushia fyuzi karatasi ya sigara au kipande cha waya, nawaomba kwa moyo wangu wote waache. Wanabeba watoto humo.

Upungufu wa pili wa kiboksi ni ukubwa. Fyuzi bapa ya kawaida ilianza mwaka 1976 kwa kampuni ya Littelfuse ya Marekani, nayo ina upana wa milimita 19 hivi. Ikafuata mini, karibu milimita 11. Kiboksi changu kinaishia hapo. SUV za miaka ya karibuni zimekwenda mbele: kuna mini fupi, upana uleule lakini haina miguu inayochomoza, na kuna micro, nyembamba zaidi, milimita 9 hivi, na aina yake nyingine, pana zaidi, hata ina miguu mitatu na hubeba nyaya mbili kwa mkupuo. Ndani ya gari langu karibu zote ni mini fupi. Mini ya kawaida huingia kwenye nafasi yake, lakini hukaa juu, na kifuniko hakifungi. Kwa unyevu wa Mombasa boksi la boneti lisilofungika ni balaa, kutu itafika kabla ya mvua za masika kwisha. Kwa hiyo kabla hujanunua kiboksi chochote, ng'oa moja ya gari lako, ipige picha pamoja na nafasi yake, uende nayo dukani.

Yapo nisiyoyagusa hata nikiwa na testa nzuri kiasi gani. Fyuzi ya eabegi, iliyoandikwa SRS au AIRBAG, ni ya fundi. Fyuzi kubwa zilizofungwa kwa boliti karibu na chanya ya betri hazing'olewi kwa kibano, ni spana, na betri iwe imefunguliwa, hasi kwanza. Na kwa wenye haibridi, gari za petroli na umeme pamoja, ambazo hapa mjini sasa ni nyingi: nyaya zenye ganda la rangi ya chungwa zina umeme wa volti mia kadhaa, unaua. Fyuzi za volti 12 za haibridi unaweza kuzipima kama za gari lolote. Za chungwa ziacheni.

Nilirudi dukani na fyuzi ile iliyoyeyuka nikamwekea muuzaji juu ya kaunta. Sikwenda kugomba, nilitaka aone. Aliigeuza-geuza, akaniuliza tulivyofanya, nikamweleza habari ya balbu mbili. Pesa hakurudisha, lakini alifungua droo ya chini akatoa mini fupi za kampuni inayojulikana, zinazouzwa mojamoja, ghali mara kadhaa kuliko zile za kiboksi. Nikachukua za 10, 15 na 20, mbilimbili, na moja ya 7.5 ya kahawia. Ziko kwenye kile kiboksi sasa, pamoja na testa na kibano, na za zamani hazimo.