Mafundi wa Mwanjelwa: mkono mzuri, ila "prinsesi" yao ni ipi?

Kibanda hiki cha cherehani kilichopo Mwanjelwa, Mbeya, kinashona vizuri. Tatizo lao ni majina. Ubaoni wameandika "dati" (mkunjo unaoshonwa hadi kuishia kwa ncha ili nguo ishike umbo) na "prinsesi" (mshono mrefu unaounganisha vipande vya gauni vifuate umbo la mwili), basi, na hilo neno la pili limebebeshwa mishono mitatu isiyofanana.

Wa kwanza unaanzia katikati ya bega, unapita kwenye ncha ya titi na kushuka kiunoni. Wa pili unaanzia kwapani, unapinda hadi kifuani ndipo unashuka. Wa tatu unaweza kuanzia bega au kwapa, ila haukatiki kiunoni; unakwenda moja kwa moja hadi pindo. Huo wa tatu ndio wenye jina lake hasa, kwa sababu gauni la prinsesi lililovuma Ulaya miaka ya 1870, likihusishwa na mbunifu wa mavazi Charles Frederick Worth wa Paris, halikuwa na mshono wa kiuno. Hapa kibandani, ukitamka "prinsesi" tu, unapewa ya kwapani na kiuno kilichokatwa. Kwa hiyo uliza kabla kitambaa hakijawekewa chaki: "Fundi, unaanzia begani au kwapani? Na kiuno unakata?"

Kazi yenyewe sasa. Prinsesi ya kwapani ndiyo inayompima fundi, maana kipande cha ubavu kina tumbo na cha kati kimebonyea, halafu vinatakiwa kukutana. Hawa wanatia alama tatu: moja kwenye ncha ya titi, moja inchi 2 juu yake na nyingine inchi 2 chini. Kipande cha kati wanakipitishia mshono mmoja ukingoni, kisha wanakichanja kwa mkasi bila kuugusa mshono huo, ndipo kinafunguka na kukubali kupinda. Pasi wanapiga juu ya taulo lililokunjwa, kwa hiyo kifua hakilali bapa. Sampuli iliyoning'inizwa haina mikunjo hata upande wa ndani.

Wengi huharibu hapohapo. Fundi anashona kwa kuvuta, akifika chini anakuta kipande cha ubavu kimezidi, anakata. Alichokata ndiyo nafasi ya kifua! Gauni litabana juu na kupwaya chini ya titi, na hakuna pasi itakayolinyoosha.

Kwenye dati wamelegea. Ya kifuani inatakiwa iishie kama inchi 1 kabla ya ncha ya titi. Yao inafika kwenye ncha kabisa, na nguo inatoa kijipembe. Tena wanarudisha cherehani mwishoni, uzi unajaa na kufanya kivimbe, wakati ilitosha kuacha nyuzi ndefu na kuzifunga fundo kwa mkono. Dati ya mgongoni yenye ncha mbili hawaichanji pale kiunoni, ndiyo maana inavuta.

Hata hivyo, kama kitenge chako kina maua makubwa, chukua dati na uwasisitizie hilo la kuishia mapema. Prinsesi italipasua ua katikati, na kulioanisha upya kunakula kitambaa. Kwa kitambaa kisicho na maua, au sketi suti nzito ya kuvaa kwenye baridi ya Juni na Julai, prinsesi ya begani ndiyo chaguo: mpindo wake ni mdogo, hata kitambaa kinene kinatii.

Bei ya prinsesi ni juu kuliko ya dati, na ni haki yao. Mbele kunakuwa na vipande vitatu badala ya kimoja. Ila akiba ya mshono (kitambaa kinachobaki nje ya mshono) wanaacha robo inchi, ambayo haitoshi kuongeza nguo ukinenepa. Agiza nusu inchi kwenye prinsesi (ikizidi hapo mpindo unakataa kulala) na inchi 1 ubavuni, halafu jaribu gauni kabla halijapelekwa ovaloki (mashine ya kufunga kingo za kitambaa), kwa sababu ovaloki yao ina kisu na haiachi akiba.