Fremu ya Baraza la Bustanini: Mvule au Paini Iliyotiwa Dawa?

Sakafu ya baraza la mbao ndiyo huonekana na kusifiwa, lakini kinachoamua umri wake ni boriti zilizo chini yake, mahali penye giza, unyevu na mchwa. Kwa bei, paini inayovunwa katika mashamba ya miti ya Sao Hill huko Mufindi haina mpinzani: ni nyepesi, hupatikana kwa urahisi na hunywa dawa vizuri. Kasoro yake iko kwenye ncha. Fundi akishakata boriti, utaona ukijani wa dawa umeishia pembezoni na katikati pamebaki sehemu nyeupe, ambayo mchwa huianza kwanza. Kwa hiyo kila ncha mpya ipakwe dawa papo hapo, na vipande vilivyobaki visigeuzwe kuni, hasa ikiwa dawa hiyo ina aseniki, sumu ambayo hubaki katika moshi na majivu.

Mvule hauhitaji dawa, ilimradi boriti imetoka kwenye kiini cha kahawia, kwa maana ukingo wake mweupe huoza kama mti mwingine wowote, jambo ambalo muuzaji hulitaja kwa nadra. Ni ghali, na wakati mwingine huficha chembe ngumu za chokaa zinazoharibu meno ya msumeno.

Matunzo yanafanana: boriti zote zikae juu ya vitako vya zege, si kwenye udongo. Mwenye nyumba ya kudumu Tanga, penye joto na unyevu, ana sababu ya kulipia mvule. Mpangaji, au anayetaka baraza kubwa kwa fedha kidogo, paini itamfaa zaidi.