Darwin's Nightmare nimeirudia, na mi ni mtu wa Mwanza

Wikendi nimeangalia tena Darwin's Nightmare, filamu ya matukio halisi ya Hubert Sauper, yule Muaustria aliyekuja kwetu kurekodi biashara ya sangara, imetoka 2004. Mara ya kwanza niliiona kwenye CD ya kuburn inakwamakwama, nikachukia vibaya mno. Safari hii nimelipia, picha safi, na nimegundua hasira yangu ilikuwa na haki nusu tu.

Jamaa anajua kukaa na watu bana. Hana msimulizi wa kukuelekeza uwaze nini, anamwachia mlinzi wa usiku aongee, marubani wa zile ndege za mizigo za Kirusi wanywe na waongee, watoto wa mtaani wagombanie wali, we unakaa tu unaumia. Minofu inapanda ndege kwenda Ulaya, sisi tunabaki na mapanki, yaani vichwa na mifupa ya sangara. Hilo nani atakataa, tumeyala.

Ila kwenye silaha ndo napokwaruzana naye. Filamu nzima inakunong'oneza kwamba ndege zinazofuata samaki zinakuja na bunduki, ukitafuta ushahidi wa Mwanza yenyewe huuoni, kikubwa ni rubani anayekiri alibeba vifaru kwenda Angola halafu akarudi Ulaya na zabibu za Afrika Kusini. Inauma kuisikia, lakini Angola sio Mwanza. Ndo maana 2006 Kikwete aliiponda hadharani na watu wakaandamana, mwaka huohuo ilikuwa imeingia kugombea Oscar, sasa fikiria nyumbani tunalalamika huko wanaipigia makofi.

Nikaona nimtendee haki Sauper, nitafute na filamu zake nyingine. Kisangani Diary ya 1998, ya wakimbizi wa Rwanda waliopotelea misitu ya Kongo, ni fupi ila usiangalie kabla ya kulala, mi sikulala. We Come as Friends ya 2014 ndo kali kuliko zote kwangu, amejitengenezea kandege kadogo kwa mikono yake akatua nako Sudan wakati nchi inagawanyika, anakutana na Wachina wa mafuta, wamisionari wa Kimarekani, wazee waliosainishwa ardhi hawajui wamesaini nini. Humu hanong'onezi, wakubwa wanajianika wenyewe mbele ya kamera. Epicentro, inayohusu Cuba, ilishinda tuzo kwenye tamasha la filamu la Sundance 2020, nzuri ila inazungukazunguka, katikati nilienda kupika chai nikarudi sijapitwa na kitu.

Kwa hiyo ukitaka kumjua anza na ile ya Sudan, ya kwetu iweke mwisho.

Ya kwetu nilimwekea shangazi, aliuza mapanki miaka ileile. Kaangalia kama dakika ishirini, kimya, halafu ananiuliza, sasa huyu mzungu mbona hajamuuliza hata mama mmoja fungu anauza shilingi ngapi?