Kozi ya Kuthibitisha Mashtaka ya Hongo Mahakamani: Faili la Mazoezi Linasifika, Somo la Fedha Limepwaya

Kozi hii ya mtandaoni imetayarishwa kwa ajili ya waendesha mashtaka na wapelelezi wa kesi za hongo zinazowakabili maofisa wa umma, na ubora wake unaonekana tangu somo la kwanza, kwa kuwa mhadhiri hakubali kwamba kazi imekwisha pindi fedha zinapokutwa mfukoni mwa mshtakiwa. Upande wa mashtaka unatakiwa kuonyesha, pasipo kuacha shaka ya msingi, kwamba mshtakiwa alikuwa ofisa wa umma, kwamba aliomba au alipokea manufaa asiyostahili, yeye mwenyewe au kupitia mtu mwingine, na kwamba alifanya hivyo ili atende au asitende jambo lililo katika majukumu yake. Ndivyo Ibara ya 15 ya Mkataba wa Umoja wa Mataifa Dhidi ya Rushwa wa mwaka 2003 inavyolieleza kosa hili, na kesi nyingi huvunjikia kwenye kipengele hicho cha mwisho.

Kipengele hicho kinafundishwa kwa kesi mbili za Mahakama ya Juu ya Marekani. Ya kwanza ni ya Bob McDonnell, aliyekuwa gavana wa Virginia, ambaye yeye na mkewe walipokea zawadi na mikopo yenye thamani ya zaidi ya dola 175,000, saa ya Rolex ikiwamo, kutoka kwa mfanyabiashara aliyekuwa akitafuta msaada wa serikali kwa bidhaa yake ya virutubisho. Hakuna aliyebisha kwamba zawadi zilipokelewa. Hata hivyo, mwaka 2016 majaji wote walitengua hukumu, wakieleza kwamba kupanga kikao, kumpigia simu ofisa mwingine au kuandaa hafla peke yake si tendo la kiofisi kwa maana ya sheria iliyotumika. Ya pili ni ya James Snyder, aliyekuwa meya wa mji wa Portage, jimbo la Indiana, aliyepokea dola 13,000 kutoka kwa kampuni ya malori baada ya mji wake kuwa umeipa kampuni hiyo zabuni. Mwaka 2024 mahakama iliamua, kwa majaji 6 dhidi ya 3, kwamba kifungu alichoshtakiwa nacho kinahusu hongo ya kununua uamuzi na hakigusi bahashishi inayotolewa baada ya uamuzi. Mhadhiri anatahadharisha, na ni vyema amefanya hivyo, kwamba mipaka hiyo ni ya sheria za Marekani na kwamba nchi nyingine huadhibu hata zawadi ya baadaye. Kisha anamtaka mwanafunzi aiandike upya hati ya mashtaka ya kila kesi, zoezi linaloonyesha upesi ni nani anayesoma kifungu cha sheria na ni nani anayekikariri.

Utamu wa kozi, lakini, umo katika faili la mazoezi. Ni kesi ya kubuni ya ofisa wa leseni, yenye maelezo ya mlalamikaji, orodha ya namba za noti za mtego (fedha zilizoandaliwa na wapelelezi ili kumnasa mpokeaji), rekodi ya mazungumzo pamoja na unukuzi wake, na fomu za makabidhiano ya vielelezo. Katika rekodi ofisa anasikika akiuliza, “Lile jambo letu umelikumbuka?” na mlalamikaji anajibu, “Nimekuja nalo.” Mwanafunzi anaulizwa maneno hayo yanathibitisha nini. Yakisimama peke yake, karibu hayathibitishi chochote. Yakiwekwa pamoja na daftari la ofisi linaloonyesha kwamba ombi la leseni lililala mezani kwa muda mrefu na kusainiwa alasiri ileile, yanabadilika sura, kwa kuwa nia huweza kuthibitishwa kutokana na mazingira ya tukio, jambo ambalo Ibara ya 28 ya Mkataba inalikubali waziwazi.

Waliotunga faili hilo wameficha ndani yake kasoro ambazo wakili wa utetezi hawezi kuziacha zipite. Namba ya noti moja kwenye orodha ya maandalizi imepishana tarakimu mbili na ile iliyo kwenye hati ya ukamataji. Kinasa sauti kililala kwa mpelelezi usiku kucha na hakuna saini inayoonyesha kilikuwa mikononi mwa nani. Mlalamikaji naye alikwisha kulipa mara moja kabla ya kutoa taarifa, hivyo utetezi utamwita mshiriki wa kosa na kuiomba mahakama isimwamini bila ushahidi mwingine wa kumuunga mkono. Sijaona zoezi lingine linalofundisha utunzaji wa vielelezo kwa ukali wa namna hii, na nadhani hata mawakili wa utetezi wangenufaika nalo.

Sehemu ya fedha, kwa upande mwingine, imepwaya. Kozi inatumia muda mwingi mno kwenye mitego ya noti, ilhali hongo kubwa hupitia kwenye akaunti za ndugu, kampuni za mfukoni na mikataba ya ushauri ambao haukutolewa. Kufuatilia miamala hiyo kumepewa video moja fupi isiyo na zoezi. Kibaya zaidi, video hiyohiyo inachanganya hongo na kujilimbikizia mali isiyoelezeka, kosa linalotajwa katika Ibara ya 20 ya Mkataba, kana kwamba ukishindwa kuthibitisha la kwanza unaingia la pili bila gharama. Ibara hiyo inazitaka nchi zifikirie tu kuliweka kosa hilo katika sheria zao, tena kwa kuzingatia katiba zao, kwa sababu kumtaka mshtakiwa aeleze mali yake kunagusa haki ya kudhaniwa kuwa hana hatia. Mwanafunzi atakayeichukua video hiyo kama ilivyo atasumbuliwa na pingamizi siku ya kwanza.

Sauti ya video ni safi na mpangilio wa masomo unafuatika. Majibu ya wakufunzi huchelewa, ingawa yakifika huwa na maana: kwenye hoja zangu za mwisho, pembeni mwa kila dai nisilolitajia kielelezo, mkufunzi aliandika “Kiko wapi?” Faili la mazoezi linaweza kupakuliwa, lakini rekodi ya mazungumzo inafungwa kozi inapokwisha, hivyo ni vyema kuisikiliza sambamba na unukuzi mapema, kwa sababu kuna mahali ambapo viwili hivyo havilingani na swali la mtihani linatoka hapo.